Shajara ya mradi: kubadilisha springi za mlango wa gereji

Hali ya kuanzia

Mlango ni wa paneli nne za chuma, upana mita 2.44, kimo mita 2.13. Unapanda kwa reli mbili na kulala chini ya dari. Juu ya fremu kuna shafti ya bomba ya milimita 25.4 yenye springi mbili za msokoto, moja kila upande wa breketi ya katikati. Springi ya kushoto imekatika na mikunjo yake imeachana kwa karibu sentimita 4. Ya kulia ni nzima na bado imekazwa.

Mota ilikuwa inanguruma, mlango unapanda kidogo, kisha unasimama. Hilo lilitarajiwa. Mota haibebi mlango; inausukuma tu mlango ambao springi zimekwisha kuubeba. Kuendelea kubonyeza rimoti hakuinui kitu, kunatafuna gia. Kwa hiyo mota imechomolewa kwenye umeme, na kamba ya dharura, ile inayoutenganisha mlango na mota, imevutwa mlango ukiwa umegusa sakafu. Kamba hiyo haivutwi kamwe mlango ukiwa juu na springi imekatika, maana kinachobaki kuuzuia ni springi moja, na hiyo haitoshi. Gari liko nje. Lingekuwa ndani lingesubiri humo.

Zinabadilishwa zote mbili. Springi za kawaida za nyumbani hutengenezwa zihimili kufungua na kufunga mara 10,000 hivi. Mlango unaofunguliwa mara nne kwa siku hufika hapo karibu na mwaka wa saba. Springi hizi zilifungwa pamoja na zimechoka pamoja. Kuiacha ya kulia ni kupanga kuifanya kazi hii tena baada ya muda mfupi, na mlango utakuwa haujasawazika muda wote huo.

Kabla ya kugusa chochote kulikuwa na orodha ya mambo ambayo lolote kati yake lingesimamisha mradi na kumwita fundi wa milango: springi zilizofichwa ndani ya bomba, ngoma za kebo (magurudumu ya shafti yanayozungushiwa kebo za kuinua mlango) zenye umbo la pia (ni za milango inayopanda wima kwanza kabla ya kulala), ubao ulioshika breketi ya katikati uwe umepasuka, koni (kichwa cha chuma kwenye ncha ya springi) iwe na ufa, au skrubu za kubana, zinazoishika koni kwenye shafti, ziwe zimeliwa na kutu hadi vichwa vimekuwa vya mviringo. Hakuna lililopatikana. Milango yenye springi za kuvuta, zile ndefu zinazokaa sambamba na reli, hufanya kazi kwa njia nyingine na shajara hii haiihusu.

Vipimo vya springi ya zamani

Springi iliyokatika haina mzigo, kwa hiyo ndiyo iliyopimwa. Iliyokazwa haipimwi: huwa imerefuka, na kipenyo chake kimepungua.

Unene wa waya haupimwi kwa mkunjo mmoja. Huhesabiwa mikunjo 20 iliyobanana vizuri, mbali na palipokatika, kisha urefu wake unagawanywa kwa 20. Hapa mikunjo 20 imetoa milimita 105, yaani waya wa 5.26. Saizi inayofuata, 5.54, ingetoa milimita 111 hivi. Tofauti ya milimita 6 kwenye futi inaonekana bila shaka. Tofauti ya milimita 0.28 kwenye waya mmoja haionekani kwa macho, na kutu au rangi huificha kabisa. Ikumbukwe kwamba nguvu ya springi hupanda kwa unene wa waya uliozidishwa kwa wenyewe mara nne. Ukikosea saizi moja tu, kutoka 5.26 kwenda 5.54 kwa idadi ileile ya mikunjo, unapata springi yenye nguvu zaidi kwa asilimia 23. Mlango hautakaa chini.

Kipenyo cha ndani ni milimita 51. Urefu ni milimita 635, vipande viwili vikiwa vimesukumwa vikutane, bila kuhesabu koni. Ngoma za kebo ni za kawaida, na kebo inazungushwa kwenye kipenyo cha karibu milimita 102.

Vifaa

Vyuma viwili vya kukazia: chuma kigumu cha duara, kisicho na tundu ndani, unene milimita 12.7, urefu milimita 450. Vimejaribiwa kwenye matundu ya koni iliyolegea: vinaingia hadi mwisho, karibu milimita 25, na havichezi. Kila kimoja kimefungwa tepu mahali kinapoishia kikiwa kimeingia sawasawa, ili jicho lijue bila kukisia. Baadhi ya koni zina matundu ya milimita 15.9, na humo chuma cha 12.7 kitacheza na kuchomoka. Bisibisi, nondo ya ujenzi na kipande cha bomba havina nafasi katika kazi hii, hata kwa robo mzunguko mmoja. Ajali za springi zinaweza kuanzia hapo.

Vingine ni klampu mbili, plaizi mbili za kujifunga, spana za skrubu za kubana na za boliti za breketi, ngazi isiyoyumba, miwani ya kinga, tupa, msasa, chaki, mizani ya kupimia uzito wa mwili na oili ya springi. Glavu ni za kubana mkono. Zile pana za bustani hunaswa.

Kulegeza springi ya kulia

Hii ndiyo sehemu ya kuogopwa, na sababu ya kuiogopa ionekane kwa hesabu badala ya hadithi. Mlango wa kilo 68 ukining'inia kwenye ngoma yenye nusu kipenyo cha milimita 51 unahitaji msokoto wa karibu niutoni-mita 34 kwenye shafti, yaani 17 kwa kila springi. Ukiishika springi hiyo kwa chuma cha milimita 450, mkono unahisi uzito wa kilo 4 tu. Ni mwepesi, na wepesi huo ndio unaowadanganya watu. Lakini springi imezungushwa mara 7.5, kwa hiyo ndani yake kuna nishati ya karibu juli 400, na yote ikifunguka kwa mpigo inaishia kwenye kile chuma chepesi kilichoachiwa. Kila hatua hapa chini imepangwa kwa swali moja: kwa sasa mzigo umeshikwa na nini?

Mlango umebanwa kwa klampu kwenye reli zote mbili, juu tu ya rola ya tatu kutoka chini, usiweze kuruka. Ngazi imewekwa pembeni ya koni, si mbele yake. Kichwa na kifua havikai ndani ya duara ambalo chuma kinaweza kupita.

Springi ikijifungua, upande wa koni unaokutazama huenda chini, na upande wa chini huenda ukutani. Maana yake ni kwamba chuma kilichochomekwa kwenye tundu la chini na kuning'inia wima kitaegemea paneli ya juu ya mlango na kukaa hapo. Hapo ndipo pa kupumzikia. Chuma kilicholala kuelekea kwako hakina pa kuegemea ila mkono wako.

Utaratibu ulikuwa huu. Chuma cha kwanza kwenye tundu la chini, hadi kwenye tepu, kikivutwa kidogo kuelekea mwilini ili mkono uupokee mzigo. Skrubu za kubana zikalegezwa moja moja, polepole, na ya mwisho ilipoachia, chuma kikaachwa kiegemee paneli. Chuma cha pili kikaingizwa tundu linalotazama mbele, hadi kwenye tepu, kikanyanyuliwa kidogo mpaka cha kwanza kikalegea. Cha kwanza kikatolewa. Cha pili kikashushwa taratibu hadi wima, kikaegemea. Huo ni robo mzunguko mmoja. Koni ina matundu manne, kwa hiyo mizunguko 7.5 ni robo 30, na zimehesabiwa kwa sauti. Hesabu hiyo inarudi kutumika wakati wa kukaza.

Makosa mawili ya hatua hii yana bei kubwa kuliko yote. La kwanza ni kutoa chuma kabla kile kingine hakijapokea mzigo. La pili ni kugusa boliti mbili za breketi ya katikati springi ikiwa bado imekazwa. Boliti hizo zinafanana na nyingine zote, na zinaonekana kama mahali pa kawaida pa kuanzia kufungua, lakini ndizo zinazoshika ncha ya pili ya springi. Vivyo hivyo breketi za chini za mlango, pale kebo inaposhikizwa: skrubu zake hazifunguliwi mpaka springi zote ziwe tupu.

Springi ya kulia sasa imelegea, na koni inazungushwa kwa vidole.

Uzito wa mlango na uchaguzi wa springi mpya

Kwa kuwa springi zote hazina mzigo, klampu zimetolewa, watu wawili wameunyanyua mlango kiasi cha kiganja na kuushusha juu ya mizani iliyowekwa katikati. Kilo 68. Klampu zimerudishwa. Kuagiza kwa kunakili springi ya zamani bila kupima mlango ni kuamini kwamba aliyeifunga alipatia, na milango mingi imeongezewa paneli za kuzuia joto au rangi mpya tangu wakati huo.

Hesabu: niutoni-mita 34 kugawanya kwa mizunguko 7.5 ni 4.5 kwa kila mzunguko, au 2.26 kwa springi moja. Springi yenyewe inakokotolewa hivi: 207,000 (kipimo cha ugumu wa chuma) mara unene wa waya (uliozidishwa kwa wenyewe mara nne), kugawanya kwa 10.8 mara kipenyo cha kati mara idadi ya mikunjo inayofanya kazi. Vipimo vyote viwe kwa milimita, na jibu ni niutoni-milimita kwa mzunguko. Mikunjo kama mitano haihesabiwi, kwa kuwa imebanwa kwenye koni. Springi ya zamani, yenye mikunjo 116 inayofanya kazi, inatoa 2,250 hivi. Aliyeifunga alipatia.

Mizunguko 7.5 nayo haikuokotwa tu. Kimo cha milimita 2,130 kugawanya kwa mzingo wa ngoma, karibu milimita 319, ni mizunguko 6.7. Kinachobaki, kama 0.8, ni cha kuzikaza kebo mlango ukiwa juu kabisa, zisilegee na kuruka kwenye ngoma.

Badala ya kurudia saizi ileile, zimeagizwa springi za waya wa 5.54, kipenyo cha ndani 51, urefu milimita 813. Nguvu kwa kila mzunguko ni ileile, 2.26, lakini mkazo ndani ya waya unapungua kwa asilimia 14 hivi, na springi yenye mkazo mdogo huchelewa kuchoka. Sharti ni nafasi: kila springi itarefuka kwa unene wa waya mmoja kwa kila mzunguko, yaani milimita 42 ikishakazwa. Shafti inatosha. (Kurefuka huko ndiko kulikoacha pengo kwenye ile iliyokatika: ilijifungua na kurudi kwenye ufupi wake.)

Springi zilizofika

Zimefika mbili, zote za msokoto wa upande mmoja. Mlango wenye springi mbili unahitaji moja ya kila upande. Rangi za koni, nyekundu na nyeusi, hutumika kutofautisha, lakini hapa rangi zilikuwa tofauti na mwelekeo wa waya ulikuwa uleule, kwa hiyo rangi peke yake isiaminiwe. Kilichofichua ni kuzilaza sambamba na za zamani, koni za kukazia zikitazama upande mmoja, na kuangalia ncha ya waya inaelekea wapi. Springi ikifungwa upande usio wake, kuikaza kunaipanua badala ya kuibana, na inaachia koni.

Moja imerudishwa. Mlango umebaki umebanwa, na mota haijarudishwa kwenye umeme, maana mtu mmoja akibonyeza rimoti kwa mazoea, kazi yote inaharibika.

Kuvua, ukaguzi, kufunga

Kila kipande kimeandikwa kwa chaki kabla ya kutoka: SH kwa kushoto na L kwa kulia, kwa kuwa K ingehusu pande zote mbili. Ngoma za kushoto na kulia hazibadilishani. Mifereji yake ina mwelekeo.

Shafti ilikuwa na makovu pale skrubu za kubana zilipokuwa zimekazwa kupita kiasi. Makovu yamesawazishwa kwa tupa na msasa, la sivyo koni mpya isingepita. Beringi ya katikati ilikuwa imekauka na inakwaruza, imebadilishwa. Kebo ya kulia ilikuwa na nyuzi zilizokatika karibu na breketi ya chini, mahali ambapo maji ya sakafuni hukaa, na huwezi kuziona mpaka kebo ilegee na kupindwa kidogo kwa kidole. Kebo zote mbili zimebadilishwa kwa urefu uleule, unene milimita 3.

Kufunga ni kinyume cha kuvua, na hakuna la kuandika sana isipokuwa kebo. Ngoma inasukumwa hadi iguse beringi, kebo inaingia kwenye mfereji wake, ngoma inazungushwa mpaka kebo ikazike, skrubu zinabanwa. Ili kebo isilegee wakati wa kufunga upande wa pili, plaizi ya kujifunga imebanwa kwenye shafti, mpini ukielekea juu na kuegemea ukuta. Kisha kebo zote mbili zimevutwa kwa kidole na kulinganishwa. Tofauti ndogo hapa huonekana baadaye kama mlango unaopanda kwa mshazari. Kulirekebisha kosa hilo springi zikiwa zimekazwa ni kurudi nyuma hatua zote.

Kukaza

Mstari wa chaki umechorwa kwenye kila springi, kutoka koni hadi koni. Springi ikizungushwa, mstari huo unageuka kuwa msokoto, na idadi ya mizunguko inasomwa hata kama hesabu ya mdomo imepotea.

Chuma kwenye tundu la chini, kivutwe kuelekea kwako na juu hadi kilale. Cha pili kwenye tundu jipya la chini, hadi kwenye tepu. Mzigo uhamie kwenye cha pili, cha kwanza kitoke. Robo 30 kwa kila springi. Robo tano za mwanzo ni nyepesi, na hapo ndipo watu huanza kuharakisha. Zile za mwisho ndizo zenye mzigo kamili, na mkono umeshachoka.

Baada ya robo ya mwisho, chuma kimeachwa kiegemee paneli, na koni imegongwa kidogo kuelekea nje ili springi inyooke kwa milimita 6 hivi. Mikunjo isipogusana sana haisagani wala haipigi kelele. Skrubu za kubana: hadi ziguse shafti, kisha nusu hadi robo tatu ya mzunguko zaidi. Kwenye shafti ya bomba, kuzidisha hapo ndiko kulikoleta yale makovu.

Kabla ya mlango kuguswa, plaizi imetolewa kwenye shafti. Ikisahaulika, shafti itaizungusha kuelekea kwa aliye mbele mara mlango unapopanda. Klampu zimetolewa mwisho.

Kusawazisha

Mlango umenyanyuliwa kwa mkono, kwanza sentimita 30 tu, kuangalia kebo zimekaa kwenye mifereji. Zimekaa. Ukafika kiunoni na kuachwa: unashuka polepole. Klampu zimerudishwa, mlango ukiwa chini, na kila springi imeongezwa robo mzunguko kwa utaratibu uleule wa vyuma viwili. Robo mzunguko kwenye springi zote mbili ni karibu kilo 2.3 za kunyanyua, kwa hiyo hakuna haja ya kuongeza kwa pupa. Sasa mlango unasimama kiunoni. Ukiwa juu kabisa kebo bado zimekazika, na kuunyanyua kutoka sakafuni ni kazi ya mkono mmoja.

Kama zingehitajika robo tatu au nne zaidi kwa kila springi, tatizo lisingekuwa kukaza bali springi zisizo sahihi.

Mota

Imeunganishwa tena baada ya mlango kusawazika, si kabla. Nguvu ya kusukuma imepunguzwa, kwa kuwa ilikuwa imepandishwa kufidia springi zilizokuwa zinachoka. Ubao wa unene wa milimita 38 umelazwa sakafuni katikati ya njia: mlango umeugusa na kurudi juu. Vihisi vya mwanga pembeni vimeangaliwa, kimo kisichozidi sentimita 15 kutoka sakafuni, na mlango ulirudi juu mguu ulipokatisha njia yao.

Springi zimepakwa oili kiasi na ziada kupanguswa. Mstari mmoja wa rangi umepigwa kuvuka kila koni na shafti. Nusu mbili za mstari zikiachana, skrubu za kubana zinateleza. Mlango ushushwe na kubanwa kwa klampu kabla ya spana kugusa kitu.